Dkt. Charles Drew na Benki ya Damu: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Jina la Charles Drew hutajwa kila inapokuja siku ya kuchangia damu, na mara nyingi hutajwa pamoja na hadithi ya kifo chake ambayo si ya kweli. Maswali haya yamepangwa kuanzia yale ya msingi hadi yale yenye utata. Kama umekuja kwa ajili ya habari ya kifo chake tu, nenda moja kwa moja swali la 13, kisha usome la 15.

## Mtu mwenyewe

1. Charles Drew alikuwa nani?

Charles Richard Drew alikuwa daktari bingwa wa upasuaji, mtafiti wa damu na mwalimu wa madaktari, Mmarekani mweusi aliyezaliwa Washington, D.C., tarehe 3 Juni 1904. Alifariki tarehe 1 Aprili 1950 akiwa na miaka 45 tu.

Wengi wanamjua kwa kazi aliyoifanya New York kati ya 1938 na 1941, alipoonyesha namna ya kukusanya damu na plazma (majimaji ya damu) kwa wingi, kuipima, kuihifadhi na kuisafirisha bila kuharibika. Lakini miaka yake mingi zaidi aliitumia kufundisha upasuaji katika Chuo Kikuu cha Howard, na ninaamini huko ndiko alikofanya kazi kubwa kuliko zote (tazama swali la 11).

2. Alitoka katika familia ya namna gani?

Familia ya watu wa kazi. Baba yake, Richard, alikuwa fundi wa kutandika mazulia. Mama yake, Nora, alisomea ualimu. Waliishi mtaa wa Foggy Bottom mjini Washington, na baadaye wakahamia ng'ambo ya mto, Arlington, Virginia. Charles alikuwa mtoto wa kwanza.

Mwaka 1920 dada yake Elsie alifariki kwa kifua kikuu kilichochanganyika na homa kali ya mafua. Charles alikuwa bado mwanafunzi wa Shule ya Sekondari ya Dunbar, shule ya weusi iliyosifika kwa ufundishaji wake, na msiba huo unatajwa miongoni mwa mambo yaliyomwelekeza kwenye udaktari.

3. Ni kweli alikuwa mwanamichezo kabla ya kuwa daktari?

Kweli kabisa, na wala haikuwa michezo ya kupitisha muda. Alipata nafasi ya kusoma Chuo cha Amherst, Massachusetts, kwa ufadhili uliotokana na michezo. Alicheza mpira wa miguu wa Kimarekani na akawa nahodha wa timu ya riadha. Aliwahi kuumia uwanjani akalazwa hospitali, na huko akaanza kuvutiwa na kazi ya madaktari.

Alipomaliza Amherst mwaka 1926 hakuwa na fedha za kusomea udaktari. Kwa miaka miwili alifanya kazi Chuo cha Morgan, Baltimore, akisimamia michezo na kufundisha biolojia na kemia, huku akiweka akiba.

4. Kwa nini alikwenda kusomea udaktari Kanada?

Kwa sababu milango ya Marekani ilikuwa michache. Vyuo vingi vya udaktari nchini humo havikupokea wanafunzi weusi, au vilipokea mmoja mmoja kwa kuhesabu. Sehemu kubwa ya madaktari weusi walitoka vyuo viwili, Howard na Meharry. Drew aliomba Howard akakataliwa kwa kupungukiwa masomo ya Kiingereza, chuo kilekile ambacho baadaye angekuja kukiongozea idara ya upasuaji.

Chuo Kikuu cha McGill, Montreal, kilimpokea mwaka 1928. Alihitimu 1933 akiwa wa pili katika darasa la wanafunzi 137. McGill ndipo alipokutana na mwalimu Mwingereza, John Beattie, aliyekuwa akitafiti habari ya kuongezewa damu na mshtuko wa mwili unaotokana na kupoteza damu. Mambo hayo mawili hayakumtoka tena akilini.

5. Mbona pichani anaonekana kama Mzungu?

Drew alikuwa na rangi nyeupe na nywele zisizo za kipilipili, kwa kuwa ukoo wake ulikuwa wa mchanganyiko, kama zilivyo koo nyingi za Wamarekani weusi. Sheria na mila za Marekani ya wakati wake hazikuangalia sura. Aliyejulikana kuwa na asili ya Kiafrika alihesabiwa mweusi, akasoma shule ya weusi na kutibiwa wodi ya weusi. Drew alijitambulisha kuwa mweusi maisha yake yote na akafanya kazi yake kubwa miongoni mwa weusi wenzake.

## Kazi ya damu

6. Je, ndiye aliyevumbua benki ya damu?

Hapana. Makundi ya damu yaligunduliwa na Karl Landsteiner mwanzoni mwa karne ya 20. Kabla na wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, watafiti walijua kwamba sitreti huzuia damu isigande, na daktari wa jeshi Oswald Robertson alihifadhi damu kwa ajili ya majeruhi. Wasovieti walihifadhi damu hospitalini katika miaka ya 1930. Mwaka 1937 Bernard Fantus alifungua hifadhi ya damu katika Hospitali ya Cook County, Chicago, naye ndiye aliyeiita benki.

Alichokifanya Drew kilikuwa kingine, na hakipungui thamani kwa kukosa jina la uvumbuzi. Alikusanya yote yaliyojulikana, akayapima upya maabara, akachambua damu inaharibika vipi na kwa kasi gani, kisha akatoa utaratibu ambao hospitali nyingi zingeweza kuufuata kwa namna moja. Utafiti huo aliufanya Hospitali ya Presbyterian, New York, chini ya Chuo Kikuu cha Columbia, pamoja na John Scudder. Walifungua benki ya damu ya majaribio mwezi Agosti 1939. Tasnifu yake juu ya damu iliyohifadhiwa ilimpatia shahada ya juu ya sayansi ya tiba mwaka 1940, na hakuna Mmarekani mweusi aliyewahi kuipata Columbia kabla yake.

7. Plazma ni nini, na kwa nini aliikazania?

Damu ikiachwa itulie, au ikizungushwa kwenye mashine, seli hushuka chini na juu hubaki majimaji ya manjano. Hayo ndiyo plazma, ambayo ni zaidi kidogo ya nusu ya damu yote.

Damu nzima ya miaka ile ilikaa siku chache tu kabla ya kuharibika, na ilibidi kundi la mtoaji lipatane na la mgonjwa. Plazma ilikaa muda mrefu zaidi, ilistahimili safari, na ikichanganywa kutoka kwa watoaji wengi iliweza kupewa majeruhi bila kusubiri kupima kundi lake. Askari aliyepoteza damu nyingi hufa kwa mshtuko kwa sababu mishipa imebaki na majimaji kidogo mno ya kusukumwa na moyo. Plazma huongeza majimaji hayo na kumpa muda wa kufika mezani kwa daktari wa upasuaji. Haibebi oksijeni, kwa hiyo haikuwa badala kamili ya damu. Ilikuwa njia ya kumfikisha mtu akiwa hai.

8. Mradi wa Damu kwa Uingereza ulikuwa nini?

Mwaka 1940 Ujerumani ilikuwa ikiipiga Uingereza mabomu, na majeruhi walihitaji plazma kuliko iliyoweza kupatikana kule. Chama cha kuongeza damu cha New York na Msalaba Mwekundu wa Marekani wakaanza mwezi Agosti kukusanya damu katika hospitali za jiji hilo na kuipeleka plazma yake ng'ambo. Mambo yalianza kwa vurugu, kila hospitali ikifanya kwa namna yake. Septemba wakamwita Drew, ambaye alikuwa amesharudi Howard, aje awe msimamizi wa kitabibu.

Adui mkubwa alikuwa bakteria. Plazma ya watu kadhaa ikichanganywa, chupa moja chafu huharibu zote, na hakuna atakayejua mpaka mgonjwa aanze kutetemeka kwa homa kitandani London. Drew aliweka kanuni moja kwa wote: vifaa vya aina moja, ngozi ya mtoaji kusafishwa kwa namna moja, damu kutolewa bila kuguswa na hewa ya chumbani, plazma kuoteshwa maabara ili kuona kama ina vijidudu, kutiwa dawa ya kuzuia vijidudu, kisha kupimwa tena kabla ya kupakiwa. 

Mradi ulipofungwa Januari 1941, zaidi ya watu 14,000 walikuwa wametoa damu, na zaidi ya lita 5,000 za plazma iliyochanganywa na maji ya chumvi zilikuwa zimesafirishwa. Ni miezi mitano tu. Ripoti aliyoiandika ilitumika kuwa mwongozo kwa waliopanga ukusanyaji wa damu kwa ajili ya jeshi la Marekani.

9. Kwa hiyo ndiye aliyeendesha benki ya damu ya Msalaba Mwekundu wakati wa vita?

Aliianzisha, hakuiendesha. Februari 1941 aliongoza kituo cha majaribio cha Msalaba Mwekundu mjini New York, ambako plazma ilikaushwa kuwa unga ili ihifadhike hata mahali pasipo jokofu. Huko pia ndiko walikoanza kutumia magari yenye majokofu ya kuwafuata watoaji walipo. Aprili mwaka huohuo aliondoka. Utaratibu ulienea nchi nzima, na hadi vita vinakwisha Msalaba Mwekundu ulikuwa umekusanya zaidi ya painti milioni 13 za damu.

## Ubaguzi wa damu

10. Je, alijiuzulu kwa sababu damu ilitenganishwa kwa rangi?

Hii inasemwa sana, hata na watu wanaomheshimu, lakini tarehe hazikubali. Drew aliondoka Aprili 1941. Tangu mwanzo alikuwa amepanga kurudi Howard, na mwezi huohuo alipata cheti cha ubingwa cha Bodi ya Upasuaji ya Marekani. Msalaba Mwekundu ulitangaza Novemba 1941 kwamba hautapokea damu ya weusi, kwa kufuata matakwa ya jeshi. Baada ya malalamiko makali, Januari 1942 ulikubali kuipokea lakini ikawekwa mbali na damu ya wazungu.

Kwa sera hiyo, damu ya mtu aliyeufundisha Msalaba Mwekundu kazi hiyo ilihesabiwa haifai kwa askari mzungu. Drew hakunyamaza. Alisema waziwazi na kuandika kwamba hakuna msingi wowote wa kisayansi wa kutenganisha damu kwa rangi ya ngozi. Kinachotenganisha ni makundi ya damu tu, nayo yamo katika watu wa kila taifa: mwenye kundi O wa Georgia mweusi na mwenye kundi O wa Boston mzungu wanaweza kuokoana, ilhali ndugu wa tumbo moja wenye makundi tofauti wanaweza kushindwa. Mwaka 1944 chama cha kutetea haki za weusi, NAACP, kilimtunuku Medali ya Spingarn.

Msalaba Mwekundu uliacha kutenganisha damu mwishoni mwa 1950, miezi kadhaa baada ya kifo chake. Sheria za majimbo zilichelewa zaidi. Ile ya Louisiana ilifutwa 1972.

11. Alifanya nini Howard baada ya hapo?

Alitengeneza madaktari bingwa. Kuanzia Oktoba 1941 alikuwa mkuu wa idara ya upasuaji Howard na daktari mkuu wa upasuaji wa Hospitali ya Freedmen's, hospitali ya weusi mjini Washington. Mwaka huohuo aliteuliwa kuwa mtahini wa Bodi ya Upasuaji, Mmarekani mweusi wa kwanza kukaa upande ule wa meza.

Uzito wa jambo hili unaonekana ukikumbuka kwamba daktari mweusi wakati ule alikosa mahali pa kufanyia mafunzo ya ubingwa. Hospitali kubwa hazikumchukua, na asiyepata mafunzo hawezi kufanya mtihani. Drew aliamua Howard iwe mahali hapo, kwa kiwango ambacho mtahini yeyote wa nchi asingeweza kukitilia shaka. Wanafunzi wa kundi lake la kwanza walipofanya mtihani wa ubingwa mwaka 1948, walishika nafasi za juu kabisa. Kati ya 1941 na 1950, zaidi ya nusu ya madaktari weusi waliopata cheti cha Bodi walikuwa wamefundishwa naye.

Wanaompenda Drew kwa sababu ya damu pekee wanalipita hili haraka mno. Plazma ya New York ilihudumia vita moja. Mabingwa wa Howard waliendelea kupasua, kufundisha wengine na kufungua wodi katika miji ambayo mgonjwa mweusi hakuwa na bingwa wa kumwendea.

12. Je, alikuwa mwanachama wa Chama cha Madaktari cha Marekani?

Hakuwahi kuwa. Ili uingie chama cha taifa ilikupasa kwanza upokelewe na chama cha mahali unapofanyia kazi, na kile cha Washington hakikupokea weusi. Mwaka 1947 Drew aliiandikia barua jarida la chama cha taifa akipinga utaratibu huo, lakini haukubadilishwa akiwa hai. Kukosa uanachama kuliwafungia madaktari hospitali za kulaza wagonjwa wao na mikutano ya kujifunza. Chama hicho kiliomba radhi rasmi kwa madaktari weusi mwaka 2008.

## Kifo chake

13. Ni kweli alikufa kwa sababu hospitali ya wazungu ilimnyima damu?

Si kweli. Usiku wa kuamkia tarehe 1 Aprili 1950, Drew na madaktari wenzake watatu walitoka Washington kwa gari kwenda Tuskegee, Alabama, kwenye kliniki ya bure ya kila mwaka ambayo alikuwa na desturi ya kuhudhuria. Alikuwa ametoka kwenye siku ndefu ya kazi. Asubuhi, karibu na Haw River, North Carolina, alisinzia akiwa kwenye usukani. Gari lilipinduka, naye akaumia vibaya sana; wenzake walipona.

Alipelekwa Hospitali ya Alamance mjini Burlington. Hospitali hiyo iliwabagua weusi katika wodi, lakini chumba cha dharura kilimpokea, na madaktari wazungu walihangaika kumwokoa. Alifariki baada ya muda mfupi. Mmoja wa wenzake waliokuwa garini, Dkt. John Ford, alisema kwa miaka mingi kwamba Drew alihudumiwa kwa kila kilichowezekana.

14. Basi kwa nini hawakumwokoa kwa kumwongezea damu?

Kifua kilikuwa kimepondeka, na damu kutoka kichwani na mikononi haikuweza kurudi vizuri kwenye moyo. Kwa maelezo ya Dkt. Ford, katika hali hiyo kumwongezea damu kungeweza kumuua haraka zaidi. Kwa majeraha yale, hata hospitali kubwa kuliko zote nchini isingekuwa na la kufanya.

15. Hadithi ya kunyimwa damu ilitoka wapi, na kwa nini haifi?

Ilisambaa ndani ya muda mfupi, baadaye ikaingia magazetini na hata kwenye tamthilia za televisheni. Ilisadikika kwa sababu mambo ya aina hiyo yalikuwa yakitokea kweli. Mwezi Desemba 1950, miezi minane tu baadaye, kijana mweusi aitwaye Maltheus Avery, mwanafunzi aliyewahi kuwa askari, aliumia kwenye ajali ya gari katika wilaya hiyohiyo ya Alamance. Alipelekwa Hospitali ya Duke, mjini Durham, akarudishwa kwa kuwa vitanda vichache vya weusi vilikuwa vimejaa. Alifariki muda mfupi baadaye. Mwanahistoria Spencie Love aliyafuatilia matukio haya mawili na kuonyesha jinsi yalivyochanganyika katika kumbukumbu za watu.

Kwa hiyo ukisahihisha hadithi ya Drew, usiishie kusema ni uongo. Mtaje na Avery. Ukiondoa jina la Drew na kuacha nafasi wazi, msikilizaji ataondoka akidhani hakuna aliyewahi kurudishwa mlangoni.

## Mengineyo

16. Alikuwa na familia?

Ndiyo. Septemba 1939 alimwoa Lenore Robbins, mwalimu wa sayansi ya mapishi na malezi ya nyumbani katika Chuo cha Spelman, Atlanta. Walijaliwa watoto wanne, wasichana watatu na mvulana mmoja. Wa kwanza aliitwa Bebe, jina lililotokana na herufi mbili za mwanzo za benki ya damu kwa Kiingereza. Binti mwingine, Charlene Drew Jarvis, alikuwa mwanasayansi wa ubongo na baadaye diwani wa jiji la Washington.

17. Kazi yake inahusiana vipi na damu tunayochangia huku Afrika Mashariki?

Drew hakufanya kazi Afrika, na Mpango wa Taifa wa Damu Salama wa Tanzania haukuanzishwa naye. Kinachofanana ni mpangilio wa kazi. Unaulizwa maswali, ngozi inasafishwa, damu inaingia kwenye mfuko uliofungwa wenye dawa ya kuzuia kuganda, inapimwa maabara, inawekwa kwenye jokofu na kuandikwa tarehe ya mwisho wa matumizi. Siku hizi hupimwa Virusi vya UKIMWI, homa ya ini aina ya B na C, na kaswende. Dawa za sasa huiwezesha damu nzima kukaa hadi siku 35, na inaweza kugawanywa ili seli nyekundu ziende kwa mama aliyetoka damu nyingi wakati wa kujifungua na plazma iende kwa mwingine.

Sehemu ya somo lake ambayo bado inatusumbua ni kuwa na akiba kabla ya dharura. Mradi wa 1940 ulitegemea watu wasiomjua majeruhi hata mmoja. Hospitali zetu nyingi bado zinalazimika kuwaambia ndugu wa mgonjwa watafute mtu wa kurudisha damu, wakati mgonjwa yuko tayari kitandani.

18. Je, chuo kikuu chenye jina lake Los Angeles alikianzisha yeye?

Hapana, kilianzishwa mwaka 1966, miaka 16 baada ya kifo chake. Mwaka mmoja kabla, mtaa wa Watts ulikuwa umewaka kwa ghasia, na miongoni mwa malalamiko ya wakazi ni kwamba kusini mwa Los Angeles hakukuwa na hospitali ya maana wala madaktari wa kutosha. Chuo Kikuu cha Tiba na Sayansi cha Charles R. Drew kiliwekwa huko ili kiwafundishe madaktari na wauguzi watakaohudumia jamii hizo, na hadi leo kinapokea wanafunzi.